Namba Iliyokwenda Uroa

Bi Saadiya wa Kikwajuni alikuwa akiuza urojo barazani kwake. Urojo wake ulikuwa na ukwaju mkali na pilipili kali zaidi. Watu walisema mwenye mafua akiunusa kutoka Mtoni tu, pua zote mbili huzibuka.

Ndani ya nyumba hiyo aliishi Yusra, mtoto wa dada yake. Wazee wake walikuwa Uroa, kijiji cha pwani ya mashariki. Yusra alikuwa mwaka wa mwisho wa chuo kikuu.

Siku hizi chuo kinakaa pia ndani ya kompyuta. Mihadhara inasikilizwa kwenye simu na kazi zinatumwa kwa mtandao. Zamani mwanafunzi aliyechelewa alipenyeza karatasi zake chini ya mlango wa mwalimu. Alitoa udhuru, akasamehewa. Sasa mlango ni wa mtandao. Saa ikifika unajifunga wenyewe, na haujui udhuru wala machozi.

Siku hiyo ilikuwa ya mwisho kutuma tasnifu, ile kazi ndefu ya utafiti. Mlango ulikuwa ufungwe saa kumi alasiri. Atakayekosa atasubiri mwaka mzima. Yusra alikwisha kuandika. Alikuwa akisoma tu mara ya mwisho na kusahihisha herufi. Simu yake ilikuwa imechomekwa kwenye kompyuta, ikipata chaji.

"Yusra! Njoo uonje chumvi!"

"Nnasoma, mama mdogo!"

"Basi chumvi itakufuata huko huko."

Bi Saadiya akaja na bakuli limejaa. Mguu wake ukanasa kwenye waya wa chaji. Lo! Urojo wote ukamwagika juu ya kompyuta. Ukaingia katikati ya herufi, ukaifunika na simu. Kioo kikawaka, kikazima.

Yusra alipiga ukelele. Paka wa Kikwajuni wakahamia Michenzani.

"Tuianike juani, mwanangu," alisema Bi Saadiya, huku akiifuta kwa kanga. "Itakauka."

"Usiiguse! Zima umeme ukutani kwanza!"

Aliyesema alikuwa jirani yao, Bi Salhiya, anayefanya kazi katika chumba cha kompyuta cha chuo. Alikuwa barazani akisubiri urojo wake. Akaingia mbio, akazima umeme, akachomoa waya.

"Msiiwashe tena mpaka fundi aifungue. Yusra, kazi yako ulikuwa ukiiandika kwa akaunti ya chuo?"

"Ndiyo," alijibu Yusra.

"Basi huenda iko winguni."

Bi Saadiya akatazama juu dirishani. "Winguni? Na mvua ikinyesha?"

"Wingu ni jina tu, Bi Saadiya. Ni kompyuta kubwa zilizo mbali, zinatunza nakala. Yusra akiandika na mtandao upo, nakala inakwenda kule. Kompyuta hii ikifa, kazi haifi. Anaifungua kwenye kompyuta nyingine kwa neno lake la siri."

"Mbona unasema huenda?" aliuliza Yusra.

"Mtandao ulikuwepo leo?"

Yusra akashika kichwa. Kifurushi chake cha intaneti kilimalizika asubuhi. Aliunga kingine, lakini hakukumbuka kama aliwasha mtandao tena.

"Panda vespa," alisema Bi Salhiya.

Walipofika chuoni, muda uliobaki ulikuwa mdogo. Katika chumba cha kompyuta wanafunzi walikuwa wamejaa. Mwalimu Mahfoudh, msimamizi wa Yusra, alikuwa akiwasaidia.

Yusra akakaa, akaandika neno lake la siri. Kompyuta ikajibu: *Hiki ni chombo kipya. Tumetuma namba ya kuthibitisha kwenye simu yako.*

Yusra akakumbuka. Alipojiunga na chuo hakuwa na laini yake. Aliandika namba ya mama yake, na hakuibadilisha tena. Namba imekwenda Uroa.

"Mwalimu, mlango ukifungwa utanifungulia?"

"Ukifungwa, mie tena sina uwezo," alisema Mwalimu Mahfoudh. "Piga simu, binti."

Yusra akapiga kwa simu ya Bi Salhiya. Alisikia maji yakipiga chubwi, chubwi. Mama yake, Bi Mwatum, alikuwa pwani kwenye mwani wake.

"Nani mwenzangu?"

"Shikamoo mama. Ni mimi, Yusra."

"Marahaba. Yusra gani? Hii si namba yake."

"Simu yangu imeingia urojo, mama."

"Imeingia nini?"

"Urojo!"

"Tafuta kazi nyingine, mwizi weye," alisema Bi Mwatum, akakata.

Yusra akapiga tena.

"Mama usikate! Umepata ujumbe wenye namba?"

"Ahaa! Nilijua utafika hapo tu. Mshamlia pesa zake jirani yangu Bi Mwanamkasi hivi hivi, sasa mnanitaka mie."

"Nisomee namba tu, mama!"

"Hapa pameandikwa: usimpe mtu yeyote namba hii. Weye si mtu?"

"Mimi ni mwanao!"

"Na mwanangu si mtu?"

Chumba kizima kikacheka. Yusra machozi yakamtoka.

"Mama yako hana kosa," Bi Salhiya alimnong'oneza. "Ndivyo tunavyowafundisha watu. Matapeli hujifanya watoto wa watu. Mwambie akuulize jambo ambalo mwanawe tu analijua. Haraka, namba ile inakufa baada ya dakika chache."

Yusra akasema hivyo. Bi Mwatum akafikiri. Alifikiri sana, kana kwamba saa zote za Unguja zimesimama kumngoja.

"Haya. Harusi ya dada yako Radhiya. Keki ilikwenda wapi?"

Yusra akamtazama Mwalimu Mahfoudh. Akawatazama wenzake.

"Mama, hapa pana watu."

"Basi kwaheri."

"Niliila mimi!" alipiga kelele. "Niliila chooni! Nikamsingizia mbuzi wa Mzee Simai!"

Sasa hata Mwalimu Mahfoudh alijificha nyuma ya kioo cha kompyuta, akicheka.

"Mbuzi wa watu alipigwa bure," alisema Bi Mwatum polepole. "Ni weye, mwanangu. Andika."

Mama yake akasoma, Yusra akaandika. Kompyuta ikakataa. Namba ilikwisha kufa. Wakaomba nyingine.

"Imekuja, mama?"

"Imekuja, lakini jua linapiga kioo, sioni. Ngoja nijifunike kanga."

Yusra alingoja. Mama yake akasoma namba moja moja.

Akaunti ikafunguka. Kazi ilikuwepo, sura zote. Yalikosekana masahihisho ya siku hiyo tu, kwani mtandao haukuwashwa.

"Nisahihishe kwanza," alisema Yusra.

"Tuma!" walisema watu wawili kwa pamoja, Bi Salhiya na Mwalimu Mahfoudh.

Akabonyeza. Duara dogo likazunguka, likazunguka. Kisha maneno yakatokea: *Imepokelewa.* Muda si muda, mlango ukajifunga.

Wiki hiyo hiyo Yusra alirudisha laini yake, na Bi Salhiya akamwonesha jinsi ya kuiandikisha chuoni badala ya ile ya mama yake. "Namba ya kuthibitisha ije mkononi mwako mwenyewe," alimwambia. "Hapo hutamwomba mtu, na mtu akikuomba usimpe." Alimfundisha pia kutazama kila jioni kama nakala imefika winguni, na kuweka nakala ya pili kwenye flashi. Bi Saadiya naye alitoa amri: chakula na kompyuta visikutane chumba kimoja. Siku hizi mwenye kompyuta hauziwi urojo mpaka aifunge.

Majibu yalipotoka, Yusra aliyaona kwenye simu mpya akiwa Kikwajuni. Akampigia mama yake hapo hapo.

"Mama, nimefaulu!"

"Soma kama yalivyoandikwa. Polepole. Wenzangu wanasikiliza."

Yusra akasoma jina lake, jina la kazi yake, na neno *amefaulu*. Vigelegele vya wanawake wa Uroa vikajaa simuni.

"Hapo chini pana nini tena?" aliuliza Bi Mwatum.

"Pana marekebisho kidogo, mama. Makosa ya herufi."

"Basi kaa uyafanye. Mie nnakwenda pwani, maji yanakupwa."