Chipu Sita za Panya wa Ghala

Jumamosi, saa nne na dakika kumi asubuhi, chipu ya sita nayo ikasomeka tupu. Fundi wa kompyuta akavua miwani, akaifuta kwa shati, akaivaa tena, akatazama kioo cha kompyuta kana kwamba ubovu ulikuwa wa macho yake.

"Hakuna kitu, dada. Zote sita. Hamna hata herufi moja."

"Angalia tena."

"Nimeangalia mara tatu."

Fundi huyo wanamwita Miwani. Dada aliyeambiwa maneno hayo ni Mkaguzi, na jina hilo kalipata kazini: hukagua mita za umeme majumbani, kutwa anainamia sili na kuwauliza watu wazima maswali wasiyoyapenda. Walikuwa sebuleni kwa baba yake mdogo, mbele ya mashine ya gemu ya kusimama, kubwa kama kabati, mgongo wake wazi na bodi yake imelazwa mezani.

Sasa uelewe hasara yenyewe. Gemu za zamani, zile za kutumbukiza sarafu, siku hizi hazihitaji mashine zao. Yaliyomo kwenye chipu yananakiliwa, kisha kompyuta inapewa programu inayojifanya ndiyo mashine ile ile. Vijana wanaiita emuleta. Unachomeka joistiki, kile kijiti cha kuchezea, unacheza kwako, miguu juu ya kochi. Miwani alikwisha kumfungia Mkaguzi gemu kumi na moja nyumbani, na siku Mkaguzi alipojitia ujuzi akaenda kuyafumua mafaili ya zip, ambayo emuleta huyataka yakiwa yamefungwa, gemu zote zikagoma, Miwani akamcheka wiki nzima. Ya kumi na mbili ilikuwa hii, Panya wa Ghala. Hii haikuwepo mahali pengine popote duniani, maana ilitengenezwa humu humu ndani, ikabaki nakala moja.

Mtengenezaji alikuwa Baba Mdogo. Kipande cha gazeti kilikuwa ukutani ndani ya fremu, yeye kijana, ameegemea mashine. Jumatatu watu wa makumbusho wangekuja kuichukua ili waionyeshe pamoja na jina lake. Baba mzazi wa Mkaguzi, aliyefariki binti akiwa na miaka miwili, alisaidia kuandika namba kwenye vibandiko vya chipu. Ndivyo alivyoambiwa tangu utotoni. Ukiacha kadi moja ya posta, mwandiko huo wa moja mpaka sita ndio uliokuwa urithi wake wote. Alitaka kucheza gemu ambayo mkono wa baba yake uliipitia. Hakutaka kingine.

Baba Mdogo aliingia na birika la chai, akaambiwa, akakaa chini taratibu.

"Ni uzee, mwanangu. Kila kitu na siku zake. Mimi mwenyewe magoti yamegoma." Huku akisikitika, vidole vyake vilizipanga zile chipu sita mezani, mstari mmoja, pengo sawa na pengo.

"Chipu moja kufa kwa uzee, sawa, Mzee," alisema Miwani. "Mbili, tuseme Mungu kapenda. Lakini Jumatano saa kumi na moja jioni mashine iliwaka mbele yetu sote watatu. Picha ilitetemeka kwa sababu kioo kimechoka, ila panya tulimwona anakimbia na gunia. Chipu sita hazifi kwa siku tatu kama zimepeana ahadi."

"Basi zimefanywa nini?" aliuliza Mkaguzi.

Miwani akainua moja. "Chini ya kibandiko kuna kidirisha cha kioo. Ukibandua kibandiko ukaiweka kwenye taa ya zambarau, ile ya kuua vijidudu, kila kilichoandikwa kinafutika. Chipu inabaki nzima, haina mkwaruzo, na haina kitu."

Mkaguzi akaichukua akaenda nayo dirishani. Miaka kumi na minne ya kazi ilimfundisha jambo moja: sili ikishabanduliwa, hata uirudishe kwa upole wa mkunga, itasema. Pembeni mwa kibandiko gundi ya zamani ilikuwa kahawia, imekauka. Juu yake palikuwa na gundi nyingine, nyeupe, bado laini. Akazikagua zote sita. Zote zilikuwa hivyo.

"Hizi zimebanduliwa zikarudishwa," alisema. "Na si zamani."

"Taa ya zambarau," Baba Mdogo akasema polepole. "Kinyozi anayo."

Kinyozi alikuwa mpangaji wake, chumba cha mbele kinachotazama barabara, na ni kweli alikuwa na sanduku la taa ya zambarau la kutakasia vitana na mikasi. Kabla Mkaguzi hajasema neno, mzee alikwisha kufika huko, na sauti yake ilisikika mpaka barabarani.

"Nimekupa chumba, unanilipa kwa kuniharibia kazi ya ujana wangu? Saa kumi na mbili jioni nisione hata kitana chako hapa!"

Saa tano na nusu Mkaguzi aliketi kwenye kiti cha kunyolea, daftari gotini. Kinyozi alisimama mbele yake, shavu moja limevimba, ana hasira.

"Dada, mimi gemu sichezi hata kwenye simu. Nikafute chipu ili nipate nini?"

"Sijasema umefuta. Sanduku hili nani mwingine hulitumia?"

"Hakuna."

"Tangu Jumatano jioni, chumba kimebaki lini bila wewe?"

"Jana tu. Ijumaa saa nane mchana nilikwenda kung'olewa jino, nikarudi saa kumi. Ufunguo nilimwachia Mzee, kama siku zote."

"Uliporudi, kuna kilichobadilika?"

Kinyozi alisita. "Utanicheka."

"Leo nina cha kucheka mimi? Sema."

"Vitana. Mimi huvitupa tu humo sandukuni, dada, hata soksi zangu hazijuani. Jana nilivikuta vimepangwa. Mkubwa mpaka mdogo, kama watoto wa shule mstarini."

"Ukamuuliza Mzee?"

"Nimuulize nini? Mtu kanipangia vitana, nimshtaki?"

Mkaguzi hakucheka. Aliandika saa, akaandika vitana. Kuna jambo lilimjia na hakulitaka. Mtu aliyekulea, akakusomesha, akakuoza, humfikirii hivyo. Unatafuta mwingine.

Na mwingine alikuwepo. Baba Mdogo mwenyewe alimtaja walipokuwa wanakula.

"Kama si Kinyozi, basi ni yule mnunuzi wa mashine kuukuu. Alikuja Alhamisi, akanisihi nimuuzie, nikamkatalia. Kanikomoa yule."

Saa saba na robo Mkaguzi alimpigia simu. Mnunuzi alisikiliza mpaka mwisho.

"Tupu? Umesema tupu?"

"Tupu. Jana saa nane mpaka saa kumi ulikuwa wapi?"

"Dirishani, nakata tiketi za basi, toka asubuhi mpaka saa kumi na moja. Uliza abiria, wote wamenitukana. Dada, mimi ile gemu nimeililia miaka tisa. Nilikuwa tayari kumngoja yule mzee afe, Mungu anisamehe. Mtu haharibu kitu anachokitaka." Akapumua. "Lakini kwani mlikuwa na nini humo ndani, mpaka mtu asitake kionekane?"

Mkaguzi akaliandika swali hilo daftarini. Muda wote alikuwa anamtafuta mwenye chuki na mashine. Hakuwahi kuuliza nani anaiogopa.

Akamvuta Miwani uani.

"Jumatano, kabla hujafunga mgongo wa mashine, ulipiga picha ya bodi?"

"Lazima. Fundi asiyepiga picha kabla ya kugusa si fundi, ni mharibifu."

"Nionyeshe. Na unikumbushe ulisema nini siku ile, yote."

"Nilisema kitufe cha kuanzia cha mchezaji wa pili kimekufa, ila kwenye kompyuta si tatizo, nitakipa herufi yoyote ya kibodi. Na nikasema leo Jumamosi nitakuja na kifaa cha kunakilia chipu, na ikishaingia kwenye emuleta tutaona kila kilichomo, hata maandishi ambayo mtengenezaji kayaficha." Miwani akakunja uso. "Mzee aliniuliza mara mbili. Hata yaliyofichwa? Nikamwambia, hata hayo."

Picha ikafunguka kwenye simu. Mkaguzi akaitazama, akarudi mezani akazitazama chipu, akarudi kwenye picha. Akaenda kukaa kwenye ngazi za uani, simu mapajani.

Saa kumi na moja jioni aliwaita wote sebuleni. Kinyozi alikaa juu ya sanduku lake la vyombo alilokwisha kulifunga kwa kamba.

"Mfungulie kamba," Mkaguzi alimwambia baba yake mdogo. "Haendi popote."

"Mwanangu, usiingilie..."

"Jana saa nane mchana Kinyozi alikuwa kwa daktari wa meno. Ufunguo wa chumba chake ulikuwa mfukoni mwako. Ni kweli au si kweli?"

"Kweli. Lakini ufunguo si ushahidi."

"Aliporudi alikuta vitana vyake vimepangwa kwa ukubwa."

Baba Mdogo akamtazama Kinyozi.

"Hii ni picha ya Jumatano." Aliweka simu mbele yake. "Vibandiko vimekaa upande upande, kimoja huku, kimoja kule. Baba yangu alikuwa na haraka, hata kadi yake ya posta stempu imekaa kichwa chini. Sasa tazama leo. Sita, vyote vimenyooka kama vimepigwa rula. Mwizi wa kawaida angerudisha ovyo. Mwenye chuki asingerudisha kabisa. Ni mtu mmoja tu ninayemjua awezaye kuharibu kitu halafu akakiacha nadhifu kuliko alivyokikuta. Asubuhi tu, ulikuwa unasikitika huku unazipanga chipu mstari."

Baba Mdogo alitazama mikono yake, akaushika mmoja kwa mwingine.

"Dakika ishirini," alisema hatimaye. "Nilikaa kwenye kiti cha kunyolea nikaingoja taa. Nilikaribia kuzitoa chipu."

"Hukuzitoa."

"Sikuzitoa."

"Ni nani aliyetengeneza Panya wa Ghala?"

Alijua. Mtu haulizi mara mbili juu ya maandishi aliyoyaficha mwenyewe. Alitaka amsikie yeye akisema.

"Baba yako. Yote. Mimi nilipaka rangi sanduku la mashine." Sauti ya mzee ilikuwa ndogo. "Miezi miwili baada ya kumzika, akaja mtu wa gazeti. Akauliza, nani katengeneza hii? Nikasema mimi. Neno moja, mwanangu. Nilidhani litapita. Watu wakaanza kuniamkia kwa heshima barabarani, na mimi sikuwa nimewahi kuamkiwa na mtu. Halafu ukakua wewe, ukawa unajivunia mimi shuleni."

"Na baba yangu ukamfanya mwandika namba."

"Nimekulea."

"Umenilea, ndiyo! Nani kakataa? Umenilea kwa mkono mmoja, na mwingine ukanificha baba. Na leo ulikuwa tayari kumtupa huyu kaka barabarani na jino lake bichi!"

Kinyozi aliinama, akaanza kufungua kamba ya sanduku lake, macho chini. Miwani akamsaidia kulibeba. Wakatoka wote wawili bila kuaga.

"Jumatatu utawaambia watu wa makumbusho kwa kinywa chako," alisema Mkaguzi.

"Nitawaambia. Lakini watauliza ushahidi." Hakusema kwa ujeuri. Alikuwa anauliza kweli, na hilo ndilo lililouma zaidi. "Ushahidi ulikuwa humo."

"Ulikuwa maandishi?"

"Ukishikilia vitufe viwili vya kuanzia, wakati inawaka. Linatokea jina lake. Kisha maneno ya kukuambia wewe. Niliyaona siku moja tu, peke yangu, nikakata waya wa kitufe cha pili."

Mkaguzi alikitazama kile kitufe cha pili. Akavuta kiti. Akafungua daftari kwenye ukurasa safi, kwa kuwa hiyo ndiyo kazi pekee mikono yake iliyoijua.

"Yalisemaje?"

Mzee akafumba macho. "'Cheza, binti yangu, baba yupo.'"

Akaandika. Machozi yalidondoka karatasini, akayaacha.

"Rudia."

"'Cheza, binti yangu. Baba anakutazama.'"

Kalamu ikasimama.

"Yupo, au anakutazama?"

"Ni zamani, mwanangu."

"Nakuuliza. Yupo, au anakutazama?"

Baba Mdogo alifumbua macho. Kwa mara ya kwanza siku ile hakuwa na uongo wa kutoa, na ukweli pia hakuwa nao.

"Sijui," alisema.

Mkaguzi aliandika yote mawili, moja chini ya jingine. Akakaa anayatazama mpaka chumba kikaanza kuwa na giza, asijue lipi ni la baba yake, wala kama hata moja lilikuwa lake.