Inua, Mpenzi, Yaishe

"Hivi chama chote cha hao vijana kikiingia bafu la mtaa siku moja, si na sisi tutapata nafasi ya kuoga?"

Aliniuliza hivyo jirani yangu Bi Kanbe, mwaka nilipowapangisha chumba cha juu ya duka langu la tumbaku wakifanye ofisi ya tawi la chama chao cha kikomunisti. Nikacheka. Kweli walikuwa wachache.

Mmoja wao, Tetsuji, alikutana na Shizue mlangoni mwa stesheni ya Amagasaki, saa ya watu kutoka viwandani. Kijana alikuwa na shati jeupe na kipaza sauti. Binti alijifunga kitambaa cha bluu kichwani, sweta imejaa nyuzi za kiwandani.

"Dada, chukua gazeti la chama."

"Kifungo chako cha tatu kimeingia tundu la nne. Shati limekushinda, nchi utaiweza?"

"Basi nifungie wewe."

"Nina haraka," alisema Shizue, huku anakifunga.

Tangu hapo simu ya dukani kwangu ikawa yao. Tetsuji akipiga, nilimwita Shizue nyumba ya pili, naye alikuja mbio, kandambili zikipiga chini.

"Umekula, kipenzi?"

"Kiazi cha kuchoma. Nimekubakishia nusu, kikavu kama hotuba zako."

Akajiunga na chama kwa ajili yake. Wakataka kuoana, na kwao posa hupelekwa kwenye tawi kwanza, baba wa binti baadaye.

Jioni ya posa, mwezi wa Agosti, Shizue alivaa kimono chepesi cha maua ya zambarau. Nilipanda na chai. Katibu wao, Munakata, hakuigusa.

"Kabla ya posa," alisema, "Ndugu Shizue amekataa kugawa gazeti la wiki hii."

"Limeandika kwamba bomu la Warusi ni la kulinda amani. Mama yangu alifia Hiroshima. Hakupata nafasi ya kuuliza bomu ni la nani."

"Hayo ni machungu yako binafsi. Napendekeza afukuzwe. Na mnajua, uamuzi wetu hupita kwa mikono yote, hata wa anayefukuzwa."

Mikono ikainuka. Shizue alimtazama Tetsuji peke yake. Mkono mmoja ukibaki chini, hoja imekufa. Nadhani Tetsuji alijiambia kwamba chama kitabadilisha dunia, na huyu ataelewa tu wakishakuwa nyumbani. Akainua. Kisha akamwinamia sikioni, kwa sauti ya mtu anayembembeleza mtoto anywe dawa:

"Inua, mpenzi, yaishe."

Shizue akainua.

Kesho yake simu ikalia.

"Bi Nakaji, niitie Shizue."

"Anasema hayupo."

"Yuko hapo?"

"Yuko hapa. Anasema hayupo."

Chama kikagawanyika nusu mbili, na nusu moja nayo ikagawanyika. Mwisho walimfukuza Tetsuji mwenyewe, na mkono wake ukiwa juu pamoja na mikono ya wenzake. Chumba nikawapa wanawake washona glavu, Shizue akiwa kiongozi wao.

Siku moja Tetsuji alipopiga, Shizue mwenyewe akaipokea simu.

"Shizue, nilikukosea. Nakuomba."

"Njoo Jumamosi. Njoo na posa yako."

Alisema taratibu, hata nikaenda kumwashia marehemu mume wangu ubani, nikamshukuru Buddha.

Tetsuji alikuja na shati jipya, vifungo vyote mahali pake, na kiboksi cha vitamutamu vya maharage. Washonaji walikuwa wameketi duara kwenye mkeka, Bi Kanbe akiwa kati yao. Shizue alivaa kile kimono cha maua ya zambarau.

"Kuna hoja moja," alisema. "Ndugu Tetsuji ananiposa. Anayetaka akataliwe, ainue mkono."

Wawili walicheka, wakadhani utani. Walipoona uso wake wakaacha. Mikono ikaenda juu, wa Bi Kanbe kwanza, wa Shizue mwisho. Mimi nilishika sinia la chai kwa mikono miwili, na hakuna aliyeniuliza.

"Shizue. Ninakupenda."

"Najua. Hata siku ile ulinipenda."

Akamsogelea, akamnyoosha kola kwa vidole vilevile vya stesheni.

"Umebaki wewe tu. Inua, mpenzi, yaishe."

Tetsuji aliinua mkono. Akauacha juu kidogo, kama mwanafunzi anayengoja mwalimu amwone. Kisha akaushusha, akaacha kiboksi mkekani, akavaa viatu mlangoni na kushuka ngazi.