Ndiyo ya Alima

"Mpasue, Aly. Mwenyewe amekubali, unangoja nini?"

Daktari Aly, mchumba wangu, alisimama mlangoni mwa chumba cha upasuaji, simu sikioni. Vifaa vilikuwa tayari, niliviandaa mimi mkunga wake. Kitandani alilala Alima, binti wa mama yangu mkubwa. Uchungu ulimshika tangu alfajiri na mtoto alikaa vibaya.

"Namtafuta mjomba wenu Muhamudo."

"Mjomba yuko shamba Olumbi, hapatikani."

"Wahida, nikimpasua bila idhini ya wakubwa, kesho nani atamleta mkewe sipitali hii?"

Hoja hiyo naijua. Kwetu mjomba ndiye msemaji, na wapo wagonjwa waliotoroshwa vitandani kwa sababu mjomba hakuulizwa. Lakini nilijua na jambo jingine, nalo ndilo lililonichemsha damu. Ijumaa ile Aly alikuwa apeleke posa yangu kwa mjomba huyo huyo.

Alima akainua kichwa.

"Dotori, nipasue. Tumbo ni langu. Nimesema ndiyo."

Aly akamwambia avumilie kidogo, akapiga tena.

Mjomba alipopatikana, jua lilikuwa limeshageuka. Alikubali bila hata kuuliza swali. Aly alipasua vizuri, sina la kumkosoa. Alima alipona. Mtoto, wa kike, alitoka kimya na hakulia kamwe.

Ijumaa wazee wa Aly walipokelewa kwa heshima zote. Kabla hawajafika kwao, meseji yake ikaingia: "Mpenzi, mjomba ameridhia. Kasema nina adabu, maana nilimngoja. Parabéns, hongera kwetu."

Nikampigia.

"Nani kasema ndiyo, Aly?"

"Mjomba wako."

"Na mimi?"

"Wewe tena? Si tumeshapendana? Mjomba akishakubali, basi."

"Alima naye alikwambia ndiyo. Ukamwona kama hajasema kitu."

Akasema kwa sauti ya chini kwamba alifanya vile kwa ajili yangu, asinikose.

Hapo ndipo nilipotamani kumrarua. Mwanaume ninayempenda alikuwa amenunua posa yangu kwa pumzi za mtoto wa ndugu yangu, na bado alitaka nimshukuru.

"Basi sikiliza. Hapana. Hii ni yangu, usimpigie mjomba kuuliza kama ni kweli."

Nikakata simu, nikaenda kumkanda Alima maji ya moto. Maziwa yalikuwa yameanza kumtoka, nguo yote imelowa.