Friji Lililokohoa Jangwani

"Masikio, futa hapo, mpenzi. Nimejikwaa ulimi. Naanza upya."

Sauti ilitoka kwenye spika mbili za ukutani, na mwanamke aliyekaa mbele yake akafuta. Ndiyo ilikuwa kazi yake pale redioni. Alifuta vikohozi, vigugumizi, pikipiki zinazopita, na hiyo "mpenzi" pia, maana wasikilizaji walitakiwa kusikia safari, siyo mume anayeongea na mkewe. Kazini walimwita Masikio kwa sababu inzi akipiga chafya chumba cha pili, yeye humtakia afya.

Mumewe, mtangazaji, nchi nzima ilimjua kwa jina la Dira. Aliondoka tangu mvua zilizopita kufuata nyayo za yule msafiri mashuhuri wa zama za kati, aliyetoka kwao kijana akarudi ana mvi na hadithi za nusu ya dunia. Kila wiki Dira alituma sauti kutoka alikopita Msafiri, na kila wiki alimkaba koo mzee wa watu. Hapa ulifika kweli, au ulisimuliwa sokoni ukaandika?

Masikio alimwita huyo Msafiri mke mwenzake. Mke mwenza mwenye ndevu, kafa miaka karibu mia saba iliyopita, na bado anamzidi zamu.

"Nimefika kwenye mji wa chumvi," Dira aliendelea. "Msafiri anasema nyumba za hapa zilijengwa kwa matofali ya chumvi na kuezekwa ngozi za ngamia. Sikilizeni nyayo zangu."

Kwara, kwara, kwara.

Halafu, nyuma ya nyayo, *kho-kho-kho, mmmmm*.

Masikio akasimamisha mashine. Kikohozi hicho alikijua. Alikifuta wiki iliyopita Dira alipokuwa milimani, na kabla ya hapo alipokuwa visiwani. Ni friji bovu la hoteli, alijisemea, akafuta bila kufikiri, kwa uchovu wa mtu aliyekula mezani peke yake miezi yote hiyo. Lakini friji la hoteli gani linalomfuata mtu visiwani, milimani na jangwani?

Akarudisha nyuma, akapandisha sauti. Nyuma ya friji, kama mlango wa pili, sauti ya mwanamke, iliyofunikwa na mngurumo asiweze kuitambua, ilisema chini chini:

"Njoo ule, kinapoa."

Akaisikiliza tena. Na tena. Mkuu wa vipindi alipoingia, miwani yake ikiwa kichwani kama kawaida, alimkuta amekodolea spika macho.

"Kesho jioni ndiyo kipindi cha mwisho," bosi alisema. "Mji wa mwisho, ule ambao wasomi wanabishana kama Msafiri alifika. Nataka sauti mezani kabla ya saa tisa. Mbona uko hivyo?"

"Nimechoka tu, bosi."

"Nani hajachoka? Mimi nimechoka tangu shule ya msingi."

Alipotoka, Masikio akachukua simu, akaandika: *Uko na nani?*

Jibu lilikuja haraka kuliko majibu ya jangwani yanavyopaswa kuja: *Mimi na upepo tu, mpenzi. Mtandao mbovu. Nitakupigia nikitoka huku mchangani.*

Akashuka ngazi za nyuma, akakaa kwenye ngazi ya katikati, akampigia wifi yake. Huyu ni dada mkubwa wa Dira, muuguzi mstaafu, anaishi peke yake mji wa saa chache kwa basi.

"Wifi, mdogo wako ana mwanamke."

"Heh! Nani kakwambia?"

"Nimemsikia mwenyewe. Anamwita chakula. 'Njoo ule, kinapoa.' Na siyo mhudumu, wifi. Mhudumu hakwambii kinapoa, anakwambia kimeisha."

"Labda ni mwenye nyumba," wifi alisema.

"Mwenye nyumba wa jangwani?"

"Huko nako watu wana nyumba, wifi yangu."

"Huyo Msafiri wake alikuwa hivyo hivyo. Mji huu anaoa, mji ule anaacha, anapanda ngamia anaenda zake. Dira alikuwa ananisomea kitandani huku anacheka. Sikujua kuwa anasomea mtihani."

"Usimseme hivyo mdogo wangu. Hana hata nguvu za kupanda ngazi, atapata wapi za—"

"Umejuaje hana nguvu?"

*Kho-kho-kho.* Halafu mngurumo, na glasi zilizopangwa juu ya kitu fulani zikagongana, *kling'i, kling'i*.

Masikio akasimama.

"Wifi. Hicho ni nini?"

"Kipi?"

"Kinachokohoa."

"Ni mimi. Nina kifua."

"Kifua chako kinagonganisha glasi?"

Wifi akashusha pumzi ndefu, pumzi ya mtu aliyetua gunia.

"Mungu wangu. Nilimwambia arekodi chumba cha nyuma. Hasikii! Yuko hapa, wifi. Tangu alipotoka kule bandarini, hata visiwani hakuenda. Kaniapisha nisiseme, na mimi kusema uongo siwezi, ndiyo maana nilikuwa sikupigii. Na chumvi yangu yote kaimwaga kwenye beseni! Anatembea juu yake na kandambili, kwara, kwara, kama bata mgonjwa. Chakula cha nyumba hii sasa ni cha hospitali."

Masikio hakulia wala hakucheka. Mwanamke akigundua mumewe ana hawara, anajua pa kuanzia. Kuna kulia, kuna mashangazi, kuna kufunga mizigo na kuifungua. Lakini mume kujificha kwa dada yake na beseni la chumvi, hilo hakuna shangazi aliyewahi kulitolea mafunzo.

"Usimwambie nakuja," alisema.

Asubuhi akapanda basi la kwanza, kompyuta mapajani. Wifi alimfungulia mlango bila neno, akamwonyesha sebule kwa kidevu, akakimbilia jikoni kama aliyeacha maziwa motoni.

Dira alikuwa ameupa mlango mgongo. Hedifoni masikioni, kinasa sauti mkononi, miguu ndani ya beseni. Mabega yalikuwa yameanguka, na shati alilomnunulia yeye mwenyewe lilimning'inia kama limeazimwa. Kando yake feni ilikuwa imezimwa, bila shaka ile iliyovuma wiki ya milimani.

"Masikio, futa hapo, mpenzi, sauti imekauka. Naanza upya." Akajikohoza. "Wasikilizaji, nimefika. Huu ndio mji wa mwisho. Nimekagua kila kona, na leo nasema bila kupepesa macho, Msafiri ni muongo. Hapa hakufika."

"Na wewe je?"

Neno hilo liliingia kwenye kinasa, likapanda kwenye waya, likamfikia masikioni. Dira hakugeuka mara moja. Alivua hedifoni polepole, akazitazama, kana kwamba mkewe yumo humo ndani.

"Umejuaje?" aliuliza, bado yuko ndani ya beseni.

"Friji la dada yako lina kifua."

"Nilimwambia!" sauti ikatoka jikoni.

"Dada, tafadhali."

"Tafadhali nini? Nataka chumvi yangu."

Masikio akaweka begi chini, akakaa kwenye mkono wa kochi.

"Ulifika wapi?"

"Bandarini nilifika. Naapa. Ile sauti ya makuli ni ya kweli."

"Halafu?"

"Halafu nikaenda kituo cha mabasi. Tiketi ninayo mkononi. Basi likaja, kondakta akaita, watu wakapanda. Miguu ikakataa. Haikuuma, sikuwa mgonjwa. Nilikaa tu. Likaondoka, likaja jingine, likaondoka. Mwisho akaja mama mfagiaji akaniambia, 'Baba, nyanyua miguu nipite.' Nikainyanyua. Basi, Masikio. Hiyo ndiyo safari yangu ya mwisho, kumnyanyulia mtu miguu apitishe ufagio."

"Na basi la nyumbani halikuwepo?"

"Lilikuwepo."

"Sasa?"

Dira akatazama chumvi.

"Niliona haya. Nilikuahidi hii ndiyo ya mwisho, nikiimaliza natulia. Nikirudi nusu njia, ungesema huyu ataondoka tena. Na redioni je? Kila wiki namwita mtu muongo kwa kutofika, halafu mimi mwenyewe... Wewe uliolewa na Dira, yule anayefika. Asiyefika ni nani?"

"Ni mume. Nafasi hiyo iko wazi muda mrefu, wala hakuna aliyetuma maombi."

Jikoni sufuria ikanyamaza. Wifi alikuwa amezima jiko ili asikie vizuri.

"Unajua nilikuwa nafanya nini mimi?" Masikio alisema. Hakupandisha sauti. "Nakata pumzi zako. Moja moja. Nikisikia pumzi ndefu najisemea, maskini, amepanda kilima. Kumbe umeshiba. Nikaishi na pumzi zako, Dira, nazibeba mpaka nyumbani kichwani. Jana nikadhani una mwanamke, na nikuambie ukweli? Nilipojua huna, sikufurahi. Angalau ningekuwa nimeshindwa na mtu. Nimeshindwa na haya zako."

"Nisamehe."

"Sijafika huko. Bado niko njiani, na mimi sidanganyi vituo."

Simu yake ikaita. Bosi.

"Sauti iko wapi? Saa zinakwenda."

"Inakuja, bosi."

"Iko salama?"

"Iko salama. Wewe isikilize ukiwa umekaa."

Akakata. Akamgeukia mumewe.

"Nisikilize. Rekodi sasa hivi. Chochote utakachosema nitakituma kama kilivyo, sifuti hata nukta. Ukisema umefika, kitakwenda, nami nitapanda basi la saa nane peke yangu, na ufunguo wa nyumba nitampa dada yako akuwekee, mimi sitakuwemo. Ukisema ulipo, kitakwenda vile vile, na tutapanda wote."

"Watanifukuza."

"Huenda. Utapumzika."

Dira akatoka kwenye beseni, mguu mmoja, halafu wa pili, chembe za chumvi zikamganda kwenye visigino. Akavuta kiti, akakaa, akashika kinasa kwa mikono miwili kama mtu anayeota moto kwenye kikombe.

"Wasikilizaji," alisema, na sauti haikuwa ile ya redioni. "Niko sebuleni kwa dada yangu. Niko hapa tangu bandarini. Milima mliyoisikia ni feni. Visiwa ni ndoo ya maji. Mji wa chumvi ni chumvi ya jikoni, na dada yangu anaidai."

"Naidai!" sauti ya jikoni ikakubali.

"Wiki zote hizi nimemwita Msafiri muongo. Sijui kama alifika kule kote alikosema. Wasomi wataendelea kubishana, wao wana nafasi. Lakini siku hizi nikiwa nimekaa hapa namwaza kwa namna nyingine. Labda kuna mahali naye alichoka. Akakaa barazani kwa mtu, akasikia habari za mbele kutoka kwa wanaotoka huko, akaona haya kurudi na nusu ya dunia wakati watu wanasubiri nzima. Nilimuuliza kila swali isipokuwa hilo. Na wale wake aliowaacha njiani, hakuna aliyewauliza walikuwa wanasikiliza nini. Wangu kaniambia leo bila kuulizwa. Alikuwa anasikiliza—"

*Kho-kho-kho. Mmmmm. Kling'i.*

"Masikio, futa ha—" alianza Dira, kwa mazoea.

"Sifuti," Masikio alisema. Akasogeza kiti chake karibu. "Endelea."

Basi la saa nane lilikuwa halijatoka hata mjini, Dira ameshalala, mdomo wazi, kichwa kimeanguka begani kwa mkewe. Chini ya kiti kulikuwa na mfuko wa chakula kisicho na chumvi. Jioni, wakiwa bado njiani, dereva akafungulia redio, na sebule ya wifi ikajaa ndani ya basi, na friji lake. Abiria wawili wakacheka, mmoja akatikisa kichwa, akasema, "Angalau kasema." Dira hakuamka. Simu ya Masikio ikatetemeka. Bosi alikuwa ameandika: *Jumatatu ofisini kwangu, wote wawili. Simu za wasikilizaji hazipumui. Sijajua kama nicheke au niwafukuze.*

Akairudisha simu kwenye pochi. Bega lilikuwa linamuuma, na hakulisogeza. Mzee wa siti ya pembeni, aliyekuwa akimtazama Dira anavyokoroma, akainama.

"Mwanangu, huyu mwenzako kachoka kweli kweli. Anatoka mbali?"

Masikio akamtazama mumewe, akamfuta chembe ya chumvi iliyobaki kwenye mkono.

"Hapana, baba," alisema. "Anatoka kwa dada yake."