Chui Aliyetoka Ukutani

Kila siku ya shule Mwamvita huamka kabla jua halijatoka, hufagia uwanja, huchota ndoo mbili za maji kisimani, kisha huvaa sare na kwenda shuleni hapo hapo kijijini Kanga, kisiwani Mafia. Ana miaka kumi na miwili na yuko darasa la sita. Siku ya Ijumaa ana kazi anayoipenda kuliko zote. Yeye na mwenzake Hafidhi huwafundisha watoto wa darasa la awali kuhusu wanyama wa msituni.

Kipindi hicho kilianzishwa na Mwalimu Ukasha, anayefundisha sayansi. Nyuma ya kijiji upo msitu, na baadhi ya watoto hupita humo kila asubuhi kuja shule. Mwalimu aliweka sharti moja: mfundishaji aseme kile tu alichokiona kwa macho yake, alichokisikia kwa masikio yake, au ambacho amekuta alama zake ardhini.

Ijumaa moja Hafidhi alianza na komba. Alieleza kwamba mchana hulala ndani ya shimo la mti, na usiku hutoka na kulia kama mtoto mchanga. Akaiga kilio hicho. Watoto walicheka mpaka wakashika matumbo.

Zamu ya Mwamvita ikafika. Wiki hiyo alikuwa ameingia msituni mara moja tu, na wenzake wawili, wakipiga soga njia nzima. Walikuwa wamemwona kima mmoja.

"Kima ana manyoya ya kijivu," alianza.

"Kima tunamjua!" alidakia mtoto mmoja. "Jana kala ndizi zetu."

"Tupe mwingine, dada!"

Ukutani palikuwa na chati ya wanyama iliyoletwa kutoka bara. Ilikuwa na simba, tembo, twiga na chui. Macho ya Mwamvita yalitua kwa chui.

"Haya, yupo chui," alisema. "Nimemwona mwenyewe pale njiani. Kajilaza juu ya tawi, mkia unaning'inia."

Darasa zima lilinyamaza. Hakuna aliyecheka, na hakuna aliyeangalia pembeni. Mwamvita aliupenda ukimya ule, akaongeza meno na kucha.

Walipotoka nje, Hafidhi alimkabili. "Wewe bwana, chui umemwona wapi? Kwenye televisheni?"

"Una wivu tu," Mwamvita alimjibu.

Jumatatu, Umi hakuja shuleni. Umi yuko darasa la awali, ana miaka sita na anakaa kitongoji cha upande wa pili wa msitu. Jumanne hawakuja wenzake watatu wanaopita njia ile ile. Jumatano Mwalimu Ukasha alikwenda huko kwa pikipiki. Aliporudi alimwita Mwamvita ofisini.

"Chui ulimwona tarehe ngapi?" aliuliza.

"Wiki iliyopita, mwalimu."

"Sikuulizi wiki. Tarehe ngapi, saa ngapi, na chini ya mti palikuwa na nyayo za namna gani?"

Mwamvita aliangalia sakafu. Hakuwa na tarehe, wala saa, wala nyayo.

"Sikumwona," alisema hatimaye.

"Najua. Kisiwa hiki hakina chui. Chati ile imechorwa kwa ajili ya nchi nzima, haikuchorwa kwa ajili ya Mafia. Sasa sikiliza. Mama yake Umi analima mwani. Maji ya bahari yakipwa asubuhi lazima awe huko, hawezi kumsindikiza mtoto. Na Umi hataki kupita msituni peke yake wala na wenzake. Watoto wanne wanakosa masomo kwa sababu ya neno lako. Utawarudishaje?"

"Nitakwenda kuwaambia ukweli."

"Nenda. Lakini kabla hujaenda, ujue kwanza ndani ya msitu huo kuna nini."

Jioni ile Mwamvita alimfuata bibi yake, Bi Somoe, aliyekuwa anakwenda kukata ukindu wa kusukia mikeka. Bi Somoe huingia msituni mara tatu kwa wiki.

"Bibi, mimi nikiingia huku sioni kitu."

"Utaona nini? Mwaingia na makelele kama mwaenda harusini, kisha mwasema msitu hauna kitu! Kaa hapo. Funga mdomo."

Mwamvita alikaa. Alihesabu pumzi zake hadi mia mbili. Kisha majani makavu yakachakarika. Akatokea mnyama mdogo kuliko paka, kichwa rangi ya kutu, mgongo mweusi kwa nyuma, pua ndefu inayocheza huku na huku. Alifukua majani kwa pua, akaokota mdudu, akamla, akaruka na kutoweka.

"Huyo ni sange," Bi Somoe alinong'ona. "Hana ugomvi na mtu."

Alhamisi, jua lilipochomoza, Mwamvita alifika nyumbani kwa Umi.

"Hodi! Shikamoo, mama."

"Marahaba. Karibu," alijibu mama yake Umi, kapu la mwani likiwa kichwani. "Ndiwe dada wa chui?"

Mwamvita aliona aibu, lakini alijibu. "Ndimi. Umi, hakuna chui. Nilisema uongo."

Umi alishika nguo ya mama yake. "Ulisema umemwona. Leo wasema hukumwona. Nijuaje lipi kweli?"

Umi alimtazama Mwamvita miguuni, viatu vimelowa umande na mbegu za nyasi zimeng'ang'ania soksi.

"Umepita njia gani?"

"Ya msituni."

"Peke yako?"

"Peke yangu. Kama chui angekuwepo, nisingethubutu."

Umi aliingia ndani, akatoka na begi lake. "Twende. Lakini wewe mbele."

Walipitia kwa wale watatu, wakaongozana wote watano. Katikati ya msitu Mwamvita aliwaketisha, akawaonyesha ishara ya kunyamaza. Ilichukua muda, maana mmoja wao alipiga chafya mara mbili. Hatimaye majani yalichakarika. Umi alimfinya Mwamvita mkono, lakini hakukimbia, na sange akatokea.

Siku iliyofuata, Mwamvita alisimama mbele ya darasa la awali na kukiri uongo wake. Kisha Umi akaomba kusema.

"Nimemwona sange."

"Mkubwa kama mbuzi?" aliuliza mtoto aliyekaa nyuma.

"Mbuzi gani wewe! Mdogo kuliko paka. Pua yake hivi." Umi akachezesha kidole mbele ya pua yake, na darasa likaangua kicheko.

Mwalimu Ukasha aliwaita Mwamvita na Hafidhi barazani.

"Mtu mzima akiambiwa jambo, huweza kuuliza na kupima," alisema. "Mtoto wa miaka sita hana kipimo. Kipimo chake ni wewe unayemfundisha. Ukimwambia kuna chui, hatatoka nyumbani. Ukimwambia kweli, atapita njia yake kila siku bila hofu. Kwa hiyo sema unachokijua, na usichokijua sema hukijui. Umeelewa, Mwamvita?"

"Nimeelewa, mwalimu."

"Ijumaa ijayo utafundisha nini?"

"Bado sijui," alisema Mwamvita. "Kesho alfajiri nitaingia msituni, nitakaa kimya, nitaona."