Ofisa Mmoja

Mwaka tisini na sita, siku ya treni, stesheni ya Mpanda haikuwa na adabu. Katikati ya vikumbo na magunia, Dionizi alimgonga Capitoline, mpiga chapa wa mjini, utepe mpya wa mashine yake ya kuchapa ukadondoka relini. Capitoline alivaa gauni la bluu lenye kola nyeupe, na macho yake yalikuwa makali.

"Umeivunja ofisi yangu," alisema.

"Basi nitakuletea kazi mpaka uchoke."

Akaleta kweli. Dionizi alikuwa ofisa usalama, akaacha kazi kwa hasira, na sasa aliandika kitabu. Wakubwa waliouza mahindi ya msaada huku watoto wa wakimbizi wakilala na njaa, aliwataja kwa majina. Capitoline, aliyezaliwa kwenye makazi ya wakimbizi ya Katumba kwa wazazi waliokimbia Burundi, alichapa huku meno yameumana. Ndugu zake walikuwa kwenye foleni za mahindi hayo. Walichukia pamoja, wakataniana, na kabla mvua hazijakatika walikuwa wanapendana waziwazi.

Hapo Dionizi akaharibu. Kazini kwake ofisa hakuoa kabla mchumba hajapekuliwa ukoo mzima. Kazi aliiacha, mazoea hayakumwacha. Badala ya kutuma mshenga, alikwenda Katumba na shati lililonyooshwa kwa pasi, akawauliza majirani: mzee Venant, baba yake Capitoline, alikuja lini, anatembelewa na nani. Aliuliza kwa upole, kama alivyofundishwa kazini.

Habari zikaenea kwamba mtu wa usalama anamtafuta Venant. Mzee hakungoja kurudishwa Burundi. Aliingia porini na blanketi moja, akanyeshewa, na walipompata alikuwa anakohoa damu.

Capitoline alimfuata Dionizi chumbani kwake.

"Nilitaka kukuoa," Dionizi alisema. "Nilifuata utaratibu."

"Utaratibu wa nani? Baba yangu yuko wodini kwa utaratibu wako."

Akaitupa mezani sura ya tano, ile ya watu waliopelelezwa na kurudishwa mpakani bila kosa.

"Wakubwa wote umewataja. Huyu aliyezunguka nyumba za watu unamwita ofisa mmoja. Ni nani, Dionizi?"

Dionizi aliinamia karatasi zile. "Ni mimi."

Capitoline alilia kwa hasira, na alikuwa na haki. Mwanaume amewavua nguo wakubwa wake, mwenyewe amejifunika shuka. Kilichomuuma zaidi ni kwamba bado alimpenda.

Asubuhi Dionizi alipiga magoti kando ya kitanda cha mzee Venant, akamweleza yote aliyowahi kuwatendea watu. Mzee alisikiliza mpaka mwisho, kisha akageukia ukutani. Hakumfukuza.

Jioni, Capitoline aliikuta sura ya tano kwenye meza yake ya kazi. Kila palipoandikwa ofisa mmoja pamekatwa kwa wino mwekundu, na juu yake lipo jina kamili la Dionizi. Mwenyewe alisimama mlangoni, anaogopa kuingia.

"Kitabu hiki kikitoka, watakufunga," Capitoline alisema bila kugeuka.

"Najua."

"Basi baba akipona tuma mshenga, kabla hawajaja. Na aje mlangoni kwetu, siyo kwa majirani."

Akaweka karatasi mpya kwenye mashine, akalichapa jina la Dionizi kwa nguvu mpaka herufi zikatoboa karatasi.