Mikono Iliyomvisha Sadakiyo

Aliyenisimulia haya ni rafiki yangu Sadakiyo, bwana wa ngome ndogo ya bondeni, na si mtu wa porojo.

Bakuli la chai, zawadi ya bwana wake mkuu, alilivunja yeye mwenyewe. Lawama ikamwangukia Jinpachi, mtumishi aliyemvisha kwa miaka ishirini, akaamriwa ajipasue tumbo. Sadakiyo alinyamaza, na kimya hicho hakijamtoka rohoni.

Siku ya arobaini na tisa tangu Jinpachi afe, alijiandaa kwenda hekaluni kumfukizia marehemu ubani. Mvua ilinyesha, madirisha ya mbao yalifungwa, chumba kikawa giza. Akasikia hariri ikichakacha mgongoni, mikono baridi ikamfunga mshipi. Akadhani ni mkewe.

“Ayame, leo umenikaza,” alisema akitoka.

“Nikukaze saa ngapi, na moshi wa jikoni unanitoa machozi tangu asubuhi?” Mkewe akamtazama kifuani. Sauti ikamshuka. “Nani kakuvisha hivi?”

Sadakiyo akainama kujitazama. Kila aliye hai huku kwetu hulaza upande wa kushoto wa vazi juu ya ule wa kulia. Kwake, wa kulia ndio uliokuwa juu, umenyooshwa kwa uangalifu, kama tunavyowavisha maiti.